Majina yetu yako ku lisiti, sauti zetu haziko ku bajeti



Kuna karatasi moja ambayo komini na chefferie zetu zinaipenda sana. Ni lisiti ya waliofika ku kikao. Iko na mistari minne: jina, kazi, simu, sahihi. Asiyejua kuandika anaweka kidole. Kikao kikiisha, lisiti inaungwa na raporti, raporti inapanda ku jimbo, na kule juu wanasoma: « Makundi yote ya raia yameshirikishwa. » Leo tunataka kusema juu ya ile karatasi, sababu tumeona vile inaficha watu huku ikionekana kama inawaonyesha.

Tulikaa ku kikao cha kutayarisha bajeti, katika komini moja ya jimbo letu. Hatutaitaja, sababu ile tuliyoona pale inaonekana pengi. Watu waliitwa saa mbili asubuhi, kikao kikaanza saa tano. Mbele kulikuwa viti vya plastiki vya wakubwa wa huduma, wachungaji, wafanyabiashara na viongozi wa mashirika. Nyuma kulikuwa mabenchi. Mzee mmoja Mutwa, aliyetoka kijijini kwa miguu tangu alfajiri, alionyeshwa benchi ya karibu na mlango. Mama mmoja muuza ndagala alikuwa ameacha beseni yake kwa jirani sokoni, akawa anatazama saa kila mara. Kijana mmoja anayetembea na kinga ya magurudumu matatu, ile ya kuzungusha na mikono, alibaki uwanjani, kwa kuwa chumba kiko juu ya ngazi. Lisiti ikashuka mpaka kwake, akasaini, lisiti ikapanda tena. Yeye hakupanda.

Bajeti ilisomwa kwa Kifaransa, haraka haraka. Mama akainua mkono, akauliza kama tiketi ya soko itapanda. Akajibiwa: « Mama, ile tutaona kisha. » Mzee naye akasimama. Kabla hajafungua kinywa, mmoja wa wale wa mbele akamwambia: « Mzee, weye utasema kama tunafika ku mambo ya amani. » Ku mambo ya amani hatukufika. Kisha wakapiga foto. Pale njo walimukumbuka muzee: walimuvuta mpaka katikati.

Hakuna mtu aliyefukuzwa siku ile. Hakuna aliyetukanwa. Wote walisaini. Na bajeti ikapita bila hata kinywa kimoja cha wale watatu kubadilisha mstari mmoja ndani yake.

Wengine watatuambia: « Vijana, mnapenda kulalamika, mbele hata kuitwa walikuwa hawaitwe. » Ni kweli, mbele hawakuwa wanaitwa. Lakini tuangalie vizuri. Mtu asiyeitwa anaweza kusema: hawakuniita. Yule aliyesaini atasema nini? Akilalamika kesho, watafungua kabati na kumuonyesha kidole chake. Kuitwa kwa namna ile kunamunyanganya hata haki ya kulalamika.

Sheria si ndiyo inayokosekana. Katiba yetu ya 18 Februari 2006, kifungu cha 14, inasema mwanamke ana haki ya kuwakilishwa kwa usawa ku taasisi za taifa, za jimbo na za mashinani. Kifungu cha 49 kinaipa serikali kazi ya kuendeleza uwepo wa mtu mwenye ulemavu katika taasisi zile zile, na zile za mashinani zimetajwa wazi. Kifungu cha 51 kinaiagiza kulinda makundi dhaifu na makabila yote yaliyo machache. Mwaka wa 2015 ikatoka sheria juu ya haki za mwanamke na usawa. Mwezi wa tano 2022 ikatoka sheria ya kulinda watu wenye ulemavu, na mwezi wa saba mwaka ule ule ikatoka sheria ya kulinda haki za Pygmées, wenyeji wa asili wa inchi hii. Sheria tano, sita, zimepangwa ku etajeri. Lakini ngazi za ile komini hazijapungua hata moja.

Kwa nini basi mambo hayatembei? Sisi tunaona sababu tatu.

Ya kwanza: wengi wa wale wanaotuongoza karibu hawatuogopi, kwa kuwa hatukuwachagua. Katiba na sheria ya 2008 juu ya miji, komini, sekta na chefferie zilisema kila moja iwe na baraza lililochaguliwa na raia. Tukapiga kura 2006, tukapiga 2011, tukapiga 2018: raisi na wabunge ndiyo, washauri wa mashinani hapana. Mwezi wa kumi na mbili 2023 njo mara ya kwanza chini ya Katiba hii washauri wa komini walipigiwa kura, lakini ni katika komini za miji mikubwa ya majimbo tu. Kwetu maana yake ni Kalemie. Mtu wa Nyunzu, wa Manono, wa Moba, wa Kabalo, wa Kongolo, au wa kijiji cha teritware ya Kalemie yenyewe, hajawahi kumuchagua mshauri wa sekta wala wa chefferie yake chini ya Katiba hii. Na Batwa wanaishi wapi? Wengi wao wako kule kule, ku sekta na chefferie. Kwa hiyo wale wanaohitaji zaidi kura ya mashinani ndio hawajaiona hata mara moja. Kiongozi aliyewekwa na barua kutoka juu atatazama juu. Hata kama ana roho nzuri, barua yake haikutoka kwetu.

Ya pili ni makuta. Katiba, kifungu cha 175, inasema sehemu 40 kwa mia ya mapato ya taifa ni ya majimbo, na sheria ya 2008 inasema 40 kwa mia ya ile sehemu ya jimbo iende ku miji, komini, sekta na chefferie. Kama makuta yale yangeshuka vile yameandikwa, kiongozi wa komini angekuwa na kitu mkononi. Hayashuki vile yameandikwa. Sasa komini inaishi na nini? Inaishi na tiketi ya soko, na taksi ya bandari ndogo, na taksi ya wenye moto na kinga, na karatasi za kila aina. Maana yake inaishi na yule mama wa ndagala. Kila asubuhi analipa, kabla hajauza hata kipimo kimoja. Akikataa, beseni yake inachukuliwa. Mvua ikinyesha, soko ni matope, choo hakuna, na akiuliza makuta yake yamefanya nini anajibiwa « tutaona kisha ». Wanainchi wenzetu, yule mama hakuja pale kuomba musaada. Yeye ni mmoja wa wale wanaolisha ile bajeti. Mwenye kulisha bajeti anakaa ku benchi ya nyuma, na mwenye kulishwa nayo anakaa mbele. Tuko na mwanamke waziri mkuu tangu 2024, na jimbo letu limeshaongozwa na mwanamke gavana. Tulifurahi. Lakini mwanamke juu haimaanishi kwamba mwanamke wa soko amesikilizwa hapa chini.

Ya tatu ni ngumu zaidi, na hapa kwetu Tanganyika hatuna haki ya kuizunguka. Ni jambo la Batwa na Bantu.

Sisi sote tunakumbuka. Kuanzia 2013, na zaidi 2016 na 2017, vijiji viliungua, mishale na mapanga vikatembea, mamia ya maelfu ya watu wakakimbia. Kandokando ya Kalemie tuliona makambi yakijaa, Kalunga, Katanika na mengine, watu wakilala chini ya majani na mashuka. Kati yetu wenye kuandika hapa kuna waliofiwa upande huu na waliofiwa upande ule. Na tukitafuta chanzo, hatukuti chuki iliyotoka mbinguni. Tunakuta mambo ambayo kila mtu wa kijiji anayajua: Mutwa anayelima shamba la mwingine kwa kikombe cha chumvi au nguo ya zamani; Mutwa anayeoa Muluba ikawa kesi, lakini Muluba akichukua binti wa Kitwa hakuna kesi; kijiji cha Batwa kisichohesabika kuwa kijiji, chenye mkubwa ambaye chefferie haimutambui, kwa hiyo ardhi yao inagawanywa na mtu ambaye si wao.

Vita ilipotulia, yaliundwa mabaraza ya kukutanisha Batwa na Bantu, wakae pamoja, wazungumze. Yale mabaraza yamefanya kazi. Pahali pengi watu walirudi ku mashamba yao sababu wazee wa pande mbili walikaa chini ya mti mmoja. Tunayaheshimu. Lakini angalieni vile tulifanya kisha: tulimuweka Mutwa ku baraza la amani, tukamuacha pale pale. Ikiwa ni vita, anaitwa. Ikiwa ni masomo, barabara, kisima, hospitali, mashamba, haitwi, ao anaitwa kusaini tu. Njo maana ya lile neno « utasema kama tunafika ku mambo ya amani ». Ni kama kumwambia mtu: tunakusikia pale tu unapotutisha.

Ile ni hatari. Kijana wa Kitwa anayesikia neno lile anajifunza somo moja: baba yangu alisikilizwa siku alipokuwa na mshale. Hatutaki mtu yeyote kwetu ajifunze somo lile. Amani haitoki ku foto. Inatoka ku mambo ya kuchosha: nani anachimbiwa kisima kwanza, barabara inapita wapi, mwalimu anapelekwa kijiji gani. Kama Mutwa hayuko pale wakati wa kupanga mambo ya kuchosha, tutamukuta tena ku mambo ya kuua.

Tunajua majibu ambayo tutapewa, tumeshayasikia.

« Hawajasoma. » Wangapi kati ya wale waliokaa mbele walielewa ile bajeti iliyosomwa mbio kwa Kifaransa? Bajeti ikisomwa kwa Kiswahili, polepole, mama wa soko ataielewa kuliko wengi wetu. Yeye anahesabu kila siku, na akikosea hesabu watoto wanalala njaa.

« Desturi haikubali. » Desturi yetu inasema mzee aliyetembea kutoka mbali apewe maji, apewe kiti, na aulizwe habari ya alikotoka. Ile siku, nani alivunja desturi?

« Hakuna makuta ya kujenga njia ya wenye ulemavu. » Hatukuomba jengo jipya. Kuteremsha kikao chini ya mwembe kunagharimu franka ngapi?

« Wawakilishi wao wananunuliwa. » Inatokea, ndiyo. Inatokea sababu ni wale wale wakubwa wanaowachagua. Unamuita kila mara mtu mmoja unayemjua, unamupa makuta ya njia, kisha unashangaa kwamba anasema vile unapenda?

« Kuna vita kule Kivu, huu si wakati. » Ndugu zetu waliokimbia kule wengine wako hapa Kalemie kati yetu, na tunalia nao. Lakini mtu wa kambi anakunywa maji leo, anatafuta kuni leo, mtoto wake anafukuzwa masomo leo. Naye pia haulizwi kitu, ati yeye si wa hapa. Wengine wamezalia watoto hapa, wanalipa tiketi ya soko kama wengine. Ku tiketi ni wa hapa, ku kikao si wa hapa. Vita si sababu ya kunyamazisha watu. Vita vyetu vingi vilianzia kwa watu walionyamazishwa.

Sasa na sisi tujitazame, sababu kidole kinachoonyesha wengine, vitatu vinarudi kwa mwenyewe. Muvema wetu unasema kila siku juu ya haki. Lakini mikutano yetu tunaifanya jioni, wakati dada zetu wengi hawawezi kutoka nyumbani, ao wanaogopa njia ya kurudi. Tunaongea Kifaransa kingi ili tuonekane tumesoma. Tukiwa na shughuli, dada ndio tunawaomba maji na chakula, kaka ndio wanashika mikrofone. Batwa kati yetu tunaweza kuwahesabu ku vidole vya mkono mmoja. Na ile siku ya kikao, sisi tuliokuwa pale tulimuona kijana akibaki uwanjani, na tulipanda ngazi. Tulisema kisha, njiani. Tungesema pale pale: « Kikao kishuke chini, ao na sisi tunashuka. » Hatukusema. Tunaomba samahani kwa yule kaka, na hatutapanda tena.

Kwa hiyo tunadai mambo haya, na hakuna hata moja linalongoja pesa za wafadhili.

Moja. Kikao chochote cha bajeti kitangazwe angalau wiki moja mbele, kwa Kiswahili, sokoni, kanisani, musikitini, ku redio, na vijijini kwa mdomo. Kifanyike saa ambayo mama wa soko anaweza kufika, na pahali ambapo mtu mwenye kinga ya mikono anaingia mwenyewe bila kubebwa kama mzigo.

Mbili. Bajeti isomwe kwa Kiswahili, na kisha ibandikwe ku ukuta wa komini ao wa chefferie: kiasi gani kimeingia, kimetoka wapi, kimefanya nini. Tiketi za soko ziandikwe ku mstari wao peke yake, tuone.

Tatu. Kila kundi lijichagulie mtu wake. Mama wa soko wachague wao, Batwa wachague wao, wenye ulemavu wachague wao, watu wa makambi wachague wao. Chef asiwachagulie.

Nne. PV ya kikao iandike kile kila mwakilishi alisema, na jibu alilopewa. « Tutaona kisha » si jibu. Kama jibu ni hapana, waandike hapana, na sababu. Lisiti ya sahihi isiwe tena ushahidi kwamba watu walishirikishwa.

Tano. Chefferie na sekta zitambue vijiji vya Batwa kuwa vijiji, na wakubwa wao kuwa wakubwa, na wakae pamoja na wengine wakati wa kugawanya ardhi. Sheria ya 2022 imeshatoka. Bado kuitumika.

Sita. Tunaiuliza serikali ya Kinshasa na tume ya uchaguzi: kura ya sekta na chefferie ni lini? Tunataka tarehe. Hotuba tumeshazisikia.

Na sisi tunaahidi nini? Kila kikao cha bajeti tutakachosikia, tutakuja, na hatutakuja peke yetu. Tutakaa ku mabenchi ya nyuma, pamoja na wale wa nyuma. Tutaandika kile kinachosemwa, na Jumamosi itakayofuata tutakisoma sokoni, kwa Kiswahili, kwa sauti, bila kuongeza chumvi. Kikao kikiwekwa juu ya ngazi, tutabaki chini, na tutaomba kila mtu mwenye roho abaki chini. Na kama lisiti itapita mbele ya mtu ambaye hakupewa nafasi ya kusema, tutamushauri jambo moja tu, la amani na la haki yake: asisaini.

Wakubwa wetu wa komini na chefferie, hatuwachukii. Wengi wenu ni wazazi wetu, tunakutana ku matanga na ku harusi. Tunajua na ninyi mnafanya kazi bila makuta, na mnabanwa kutoka juu. Basi mkiwa na raia nyuma yenu, mtakuwa na nguvu ya kudai kule juu ile 40 kwa mia yetu. Lakini raia hawezi kusimama nyuma ya mtu aliyemufungia mlango.

Yule mzee, kikao kilipoisha, tulimusindikiza mpaka barabara ya kwao. Tulimuuliza alikuwa anataka kusema nini. Akasema kijijini kwao kisima kimekufa, na pompe yake inakosa kipande kimoja tu. Alikuwa amekuja na kile kipande kilichoharibika, ndani ya mufuko, ili wakione. Alitembea nacho kuja, akatembea nacho kurudi.

Jina lake liko ku lisiti.

Vijana wa muvema, Kalemie